Kulaza donge la mkate kwenye friji: lini uliingize, likae muda gani, na ukilitoa ufanye nini

Mkate wa nyumbani unakula muda, wanaooka wanajua. Unakanda, unasubiri uumuke saa moja na nusu, unautoa shepu, yaani unaupa umbo la mkate, unasubiri tena, alafu ndo unawasha oveni, na muda wote huo huwezi kutoka maana donge halimsubiri mtu. Hapo ndo friji inakusaidia. Unakanda jioni, unalaza donge kwenye friji, asubuhi unaoka, au unaoka kesho kutwa ukitaka, na mkate utakaoupata una ladha nzuri kuliko ule uliokandwa na kuokwa siku hiyo hiyo. Sizungumzii utamu wa sukari, nazungumzia ladha ya mkate wenyewe, ile ambayo unaweza kuula mkavu bila kupaka kitu na bado ukaongeza kipande kingine.

Ila kuna jambo moja inabidi ulielewe kabla ya yote, sababu matatizo karibu yote ya donge la friji yanatokea hapo. Watu wengi wanadhani donge likishaingia kwenye friji limesimama. Halijasimama. Friji inapunguza tu kasi ya hamira, na haiipunguzi papo hapo.

Hamira ni kiumbe hai, inafurahia joto la nyuzi 25 mpaka 35 hivi, kwenye joto hilo inakula sukari iliyomo kwenye unga na kutoa gesi kwa haraka. Ukiishusha mpaka nyuzi 4, ambalo ndo joto linalotakiwa kwenye friji iliyo sawa, inafanya kazi polepole mno, ila haijafa. Sasa shida ni kwamba donge lenyewe haliwi nyuzi 4 dakika ile unayofunga mlango. Lilipokuwa mezani lilikuwa na nyuzi 25 au 27, na unga uliojaa vipovu vya hewa haupitishi baridi upesi, kwa hiyo nje linapoa mapema lakini katikati bado kuna joto, na donge la kilo moja linaweza kuchukua masaa manne, matano au zaidi mpaka katikati pawe baridi kweli. Masaa yote hayo linaendelea kuumuka, tena hamira ikiwa kazini inatoa joto lake kidogo. Ndo maana mtu anaweka donge usiku likiwa limeshajaa bakuli, asubuhi anakuta limemwagika kwenye rafu na kuporomoka, anasema friji yake mbovu. Friji haina kosa, donge liliingia limechelewa.

Kwa hiyo usianze na swali la likae masaa mangapi. Anza na hili: liingie likiwa katika hali gani, na lipoe upesi kiasi gani. Ukishajua hayo masaa yenyewe hayakusumbui.

Kwa nini ladha inabadilika

Kwenye unga wa ngano kuna vimeng'enya vinavyovunja wanga kuwa sukari, na kazi hiyo inaanza pale tu maji yanapogusa unga. Kwenye joto la chumbani hamira inaila hiyo sukari karibu kwa kasi ile ile inayotengenezwa. Kwenye baridi vyote vinapungua kasi lakini hamira inapungua zaidi, kwa hiyo sukari inabaki kidogo ndani ya donge, na ndo hiyo inayolipa ganda rangi nzuri ya kahawia iliyokolea ukioka. Wakati huo huo hamira na bakteria wachache waliomo kwenye unga wanaendelea kutengeneza asidi na vitu vingine vya harufu kidogo kidogo, na hivyo vinahitaji muda tu, hakuna njia ya kuvikimbiza kwa joto au kwa kuongeza hamira.

Kuna faida nyingine ambayo naona haisemwi vya kutosha: unga unapata muda wa kunywa maji yote. Donge uliloliacha jioni likiwa linanata na kukukera, asubuhi unakuta limetulia, limekuwa laini na linavutika bila kukatika, maana gluteni, ule utando wa protini ya ngano unaolishika donge, inajijenga yenyewe unga ukiwa umelowa na kupewa muda. Hata kukanda kunapungua. Ukijua donge litalala, huna haja ya kupigana nalo mezani mpaka mabega yaume.

Vipimo

Hapa nazungumzia kwanza donge la kawaida la unga, maji, chumvi na hamira, hayo yenye maziwa na mayai nitayasema chini maana yana sheria zake. Kwa mkate mmoja mkubwa chukua unga wa ngano gramu 500, maji gramu 340, chumvi gramu 10, na hamira kavu ya chenga gramu 3, yaani kama kijiko kimoja cha chai kilichosawazishwa. Angalia hapo kwenye hamira. Resipi nyingi za kuoka siku hiyo hiyo zinataka gramu 7 kwa unga huo huo, sasa ukiweka hizo 7 alafu ukalaza usiku kucha donge litaumuka kupita kiasi kabla halijapoa. Likilala usiku mmoja, nusu ya hamira inatosha kabisa. Ukitaka likae siku mbili au tatu shuka mpaka gramu 2 au hata 1, na kama una mzani mdogo wa jikoni utumie, sababu kwenye vipimo vidogo hivi vijiko vinadanganya.

Chumvi usiipunguze. Mbali na ladha, chumvi inaituliza hamira na kuipa gluteni nguvu, na donge linalolala linavihitaji vyote viwili.

Maji yasiwe ya moto. Kwa donge la siku hiyo hiyo watu wanatumia maji ya vuguvugu ili liumuke haraka, lakini hili hatulikimbizi, maji ya kawaida ya bomba yanatosha, na kama jikoni kwako kuna joto kali tumia maji baridi ya kwenye friji kabisa, maana donge likianza na joto la chini litapoa mapema. Mimi naona hiki ndo kitu rahisi kuliko vyote na ndo kinachosaidia kuliko vyote.

Changanya mpaka usione unga mkavu, funika, acha dakika 20 au 30 unga unywe maji, alafu kanda dakika tano sita tu. Au usikande kabisa, lowesha mkono, shika upande mmoja wa donge, uvute juu mpaka ukaribie kukatika, ukunjie katikati, zungusha bakuli, rudia pande zote nne, acha nusu saa, rudia tena mara mbili. Utaliona linavyobadilika, mara ya kwanza linachanika na kunata vidoleni, mara ya tatu linanyanyuka lote kwa pamoja na juu linang'aa kidogo.

Uliingize lini

Kuna njia mbili na zote nzuri, chagua kwa kuangalia ratiba yako.

Njia ya kwanza ni kulilaza likiwa bado zima kwenye bakuli, yaani ule muumuko wa kwanza ndo unafanyika kwenye friji. Hii ni nyepesi na inasamehe sana, naishauri kwa anayeanza. Ukimaliza kukanda acha donge mezani lianze kazi, kama nusu saa hadi saa moja kwenye joto la kawaida, usisubiri liwe mara mbili, ukiona limevimba kidogo tu, kama robo hivi ya lilivyokuwa, liingize. Litamalizia lenyewe lile la kuwa mara mbili wakati linapoa. Kama jikoni kuna joto sana liingize moja kwa moja baada ya kukanda, na kama kuna baridi liache zaidi mpaka uone dalili ya vipovu.

Njia ya pili ni kuliacha liumuke mezani vizuri karibu mpaka mwisho, ulitoe shepu ya mkate, uliweke kwenye chombo chake alafu ndo ulilaze. Asubuhi unatoa na kuoka. Hii ndo inayokupa mkate asubuhi mapema bila kuamka usiku wa manane, na donge baridi lililoshika umbo linachanjika vizuri ajabu kwa kisu, halifuati blade wala kunywea. Ila haisamehe kama ile ya kwanza maana limeshafika mbali, likizidisha huwezi kulirudisha bila kulivunja na kulitoa shepu upya. Mkate wa shepu uingie friji mapema, yaani ukishautengeneza usiusubirie tena mezani uvimbe, uingize ndani ya dakika kumi au ishirini.

Mfano wa ratiba kwa njia ya pili, kwenye jikoni lenye joto la wastani: saa kumi na moja jioni unachanganya, unakunja kunja mpaka saa kumi na mbili na nusu, unaliacha mpaka saa mbili na nusu au saa tatu usiku limevimba zaidi ya nusu, unalitoa shepu, linaingia friji, na kesho yake kuanzia saa moja asubuhi mpaka mchana liko tayari kuokwa muda wowote unaotaka. Huo uhuru wa masaa ndo uzuri wenyewe. Ukichelewa kurudi nyumbani masaa mawili hakuna kinachoharibika.

Chombo, kufunika, na rafu

Bakuli liwe kubwa, nafasi ya donge mara mbili na nusu hivi. Paka mafuta kidogo ndani ili litoke bila kuchanika. Kama una chombo kinachoonyesha ndani kitumie, weka alama ya kalamu au rababendi mahali donge lilipoishia ulipoliingiza, hapo kesho hutakisia limepanda kiasi gani, utaona.

Kufunika ni lazima, hili naomba ulizingatie. Hewa ya friji ni kavu, donge lisilofunikwa linaota ngozi ngumu juu, na ile ngozi ukiikunjia ndani inabaki vipande vikavu ndani ya mkate, haiyeyuki tena. Taulo la jikoni halitoshi kwa usiku mzima. Tumia plastiki ya kufunikia chakula, au mfuko wa nailoni safi unaoingiza bakuli zima na kuufunga, au mfuniko. Mfuniko usiukaze mpaka mwisho maana gesi inatoka na inahitaji pa kupita, chombo kilichozibwa kabisa kinaweza kufyatua mfuniko. Na kabla hujafunika paka tone la mafuta juu ya donge, likigusa plastiki lisinate. Kufunika kunazuia na harufu pia, unga unashika harufu ya vitunguu na samaki vilivyo jirani.

Liweke rafu ya chini au ya katikati, nyuma, sio mlangoni. Mlangoni joto linapanda kila mtu anapofungua kutafuta maji. Ila lisiguse ule ukuta wa nyuma unaotengeneza barafu, upande mmoja utaganda. Kama friji imejaa na imebanana hewa haizunguki na donge litachelewa kupoa, na usiliweke jirani na sufuria la chakula ulichokiingiza kikiwa bado na joto.

Kama ni donge kubwa, la kilo na nusu au mbili, usilaze zima. Ligawe vipande viwili au vitatu, kila kimoja kwenye chombo chake, na ukibonyeze kiwe bapa badala ya mpira, hapo baridi inafika katikati upesi. Hii inaokoa madonge mengi sana. Wengine wanalitoa baada ya saa moja, wanalikunja mara moja kutoa gesi na kuleta ile sehemu ya katikati yenye joto nje, wanalirudisha, nayo ni njia nzuri kama bado hujalala.

Umeme ukikatika usiku usifungue fungue mlango. Ukirudi angalia donge kwa macho, kama limepanda sana likunje, litoe shepu, uoke siku hiyo hiyo.

Likae muda gani

Chini ya masaa nane utapata urahisi wa ratiba lakini ladha haijabadilika sana. Masaa 12 mpaka 24 ndo mahali pazuri kwa mkate wa kawaida, na kwangu hapo ndo bora kuliko pote. Masaa 48 ladha inakolea zaidi, inaanza uchachu mdogo ambao wengine wanaupenda sana, hasa kwenye pizza. Masaa 72 inawezekana kama hamira ilikuwa kidogo na friji yako ina baridi ya kweli. Kupita hapo donge linaanza kurudi nyuma, vimeng'enya vingine vinavunja gluteni, linakuwa teketeke, linanata, harufu ya pombe inapanda, na ukilioka ganda linatoka limepauka kwa sababu sukari imeshaliwa. Unga wa ngano nzima unachacha haraka kuliko unga mweupe, kwa hiyo punguza muda, usiku mmoja unatosha.

Donge lenye maziwa, mayai au siagi nyingi usilikalishe kwa kuhesabu siku, oka ndani ya siku moja.

Donge lenye hali nzuri asubuhi unalijua. Juu limeinuka kidogo kwa kujipinda, haliko bapa wala halijashuka katikati, pembeni kwenye kioo unaona vipovu vidogo na vikubwa vimechanganyika, ukifunua plastiki harufu inakuja ya unga na uchachu mwepesi, na hata kama kuna harufu kidogo ya pombe si tatizo. Ukibonyeza na kidole kilicholowa linarudi polepole na kubakiza alama kidogo. Kumbuka donge baridi ni gumu kwa hiyo linarudi tofauti na lile la mezani, usiliogope ukiona gumu. Likibaki shimo kabisa na juu limekunjamana limezidi, na likirudi haraka kana kwamba hujaligusa bado linahitaji muda mezani. Maji maji ya rangi ya kijivu juu yake au vidoa vya kijivu ni donge lililokaa muda mrefu, lakini ukungu wa rangi yoyote, kijani, pinki, mweusi, hapo hakuna kuokoa, tupa lote.

Na usilionje bichi. Unga mbichi unaweza kuwa na bakteria wa kuumiza tumbo, mayai mabichi hivyo hivyo, na baridi ya friji haiwaui.

Ukilitoa

Kama lililala likiwa zima bakulini: mwaga kidogo unga mezani, litoe kwa kulikwangua taratibu lisipoteze hewa yote, gawanya kama unataka mikate midogo, na litoe shepu likiwa bado baridi. Donge baridi linatii, halinati, ndo wakati mzuri. Ukiona linagoma, linajirudi kila ukilivuta, lifunike uliache dakika 15 mpaka 20 alafu endelea. Baada ya shepu ndo linasubiri muumuko wa pili, na hapa watu wengi wanaharakisha. Resipi imesema dakika 40, wanaoka kwenye dakika 40, mkate unatoka mzito chini na umepasuka ubavuni. Zile dakika 40 ni za donge la vuguvugu. Hili limetoka kwenye nyuzi 4, linahitaji kwanza lipate joto ndo hamira iamke, hesabu saa moja na nusu mpaka mawili na nusu kulingana na joto la chumba, na uangalie donge lenyewe kuliko saa. Lisogee mpaka liwe kama mara mbili kasoro, ukibonyeza lirudi polepole.

Usilipe joto kwa nguvu ili kuwahi, ukiliweka juu ya oveni inayowaka nje linaumuka na kuzidi wakati ndani bado baridi.

Kama lililala likiwa na shepu, inategemea mkate gani. Mkate wa duara wa ganda gumu unaookwa ndani ya sufuria zito la chuma lenye mfuniko unaweza kutoka friji na kwenda moja kwa moja kwenye oveni. Washa oveni nyuzi 230 mpaka 240, sufuria likiwa ndani, liache lipate moto nusu saa nzima, toa donge, lichanje mchanjo mmoja wa kina cha nusu sentimita au zaidi kidogo, litumbukize kwa karatasi ya kuokea, funika. Dakika 20 mpaka 25 likiwa limefunikwa, mvuke wake wenyewe unafanya ganda libaki laini kwa muda ili mkate upande, alafu fungua uendelee dakika 20 nyingine mpaka rangi ikolee. Utaona ganda limeota vilengelenge vidogo vidogo, hiyo ni alama ya mkate uliolala kwenye baridi, mimi naipenda sana.

Ila mkate laini wa kwenye chombo cha pembe nne, wa kukata slaisi, usiuharakishe. Utoe, uache mezani mpaka uvimbe na kuvuka ukingo wa chombo kwa sentimita mbili hivi, ndo uoke kwenye nyuzi 180 au 190 kwa dakika 30 mpaka 40. Ukiuingiza baridi na haujafika, juu panaiva na kuwa na rangi huku katikati ni mbichi.

Na hapa kuna hatari ya kweli: chombo cha kioo au cha udongo kilichotoka kwenye friji kisiingie kwenye oveni yenye moto. Kinapasuka. Mabadiliko ya ghafla ya joto yanakivunja vipande vipande, mkate unapotea na mtu anaweza kuumia. Laza donge kwenye chombo cha bati au chuma chepesi kama unataka kuoka humo humo, au lihamishe.

Kujua umeiva, rangi pekee haitoshi kwa sababu donge la friji linapata rangi mapema. Kama una kipimajoto cha chakula chomeka katikati, mkate wa kawaida uwe umefika nyuzi 93 mpaka 98, ule wenye maziwa na mayai nyuzi 88 mpaka 90 unatosha. Usipokuwa nacho, ugeuze ugonge chini kwa kidole, sauti iwe ya kitu kitupu ndani. Alafu uache upoe juu ya wavu, saa moja angalau, ukikatwa moto unakuwa kama mbichi hata kama umeiva.

Donge lenye siagi, maziwa na mayai

Haya ndo yanayofaidika zaidi na friji, kwa sababu tofauti kabisa. Siagi inaganda, na donge lililokuwa linateleza na kunata mezani linakuwa gumu kiasi cha kusukumika bila kumwaga unga mwingi. Ukitaka kutengeneza mikate ya kukunja yenye mdalasini ndani, au ya kusuka, lisukume likitoka tu kwenye friji, mistari inakaa, haivujishi. Lilaze kwenye muumuko wa kwanza, ligawe bapa, asubuhi sukuma, jaza, kunja, kata, panga kwenye trei, alafu lipe muda mrefu mezani, masaa mawili ni kawaida, maana siagi iliyoganda inalishikilia donge mpaka ilainike. Sukari nyingi nayo inaichelewesha hamira, kwa hiyo kwenye madonge matamu usipunguze hamira kwa nusu, punguza kidogo tu, kutoka 7 kwenda 5 hivi.

Unga ulioumuliwa kwa baking powder usiufanyie haya. Hiyo inaanza kutoa gesi ikilowa tu, na ukilaza usiku sehemu ya nguvu yake imeshapotea.

Friza nayo ni kitu kingine kabisa. Pale donge linaganda, sehemu ya hamira inakufa, na hakuna ladha inayojengeka. Kama umekanda la siku tatu na umebadilisha mawazo, ligawe matonge ya kutosha mlo mmoja, yapake mafuta, yafunge kila moja peke yake, yagandishe, na siku ya kuyatumia yahamishie kwenye friji usiku uliotangulia ili yayeyuke taratibu. Yataumuka polepole zaidi, yape muda.

Kwa donge la kawaida unaweza pia kukanda mara mbili ya unachohitaji, ukaoka nusu siku ya kwanza na kuacha nusu nyingine ndani kwa siku ya pili au ya tatu. Mkate wa siku ya kwanza utakuwa umepanda zaidi na ladha yake nyepesi, ile nusu ya siku ya tatu haipandi sana, kwa hiyo usiilazimishe iwe mkate mrefu, itandaze bapa kwenye trei yenye mafuta, bonyeza mashimo na vidole, nyunyiza chumvi juu na uoke kwenye moto mkali wa nyuzi 220 kwa dakika 20 hivi.